Bega la Mheshimiwa Waziri

Sikilizeni niwape habari za Tazameni, nchi nzuri kuliko zote ambazo sijaruhusiwa kuzisema vibaya. Ina milima ya kutosha, mito ya kutosha, na Wizara ya Mandhari ya kuhakikisha kwamba milima na mito hiyo inakaa vizuri. Mkuu wa Nchi anaipenda Tazameni kupita kiasi. Kila jioni hukaa kwenye kiti chake akaiangalia kwenye televisheni mpaka usingizi umchukue.

Mwaka ninaousimulia, watalii walikuwa wameadimika. Wote walikimbilia nchi ya jirani, ambayo, semeni kweli, haina lolote la maana isipokuwa filamu. Wizara ikakaa vikao kumi na saba, ikatoka na azimio: nasi tupige filamu yetu, iitwe "Tazameni, Nchi Isiyoguswa", ioneshe mandhari yetu na mila za wananchi wetu wa vijijini. Na ili nchi isionekane imeguswa, ikabidi iguswe sana.

Kijiji kilichopata bahati hiyo ni Kilindu, kilichoko ng'ambo ya Mto Ngoloma. Aliyetumwa kukiandaa aliitwa Bwana Mkorongo, Afisa Mwandamizi wa Mandhari, Mito na Tabasamu, mtu mwembamba mwenye kipaza sauti kikubwa, ambaye hata salamu alizitoa kwa kipaza sauti. Ndani ya siku nne mabati yote ya Kilindu yalikuwa yamefunikwa nyasi. Watoto walivuliwa viatu, na wale ambao hawakuwa navyo wakapongezwa kwa uzalendo. Zahanati iligeuzwa kilinge cha mganga, yakatundikwa mapembe na vibuyu, na nesi akapewa likizo ya lazima, kwa kuwa gauni lake jeupe lilikuwa linaakisi mwanga na kuharibu picha.

Halafu Bwana Mkorongo akasimama ukingoni mwa mto, akaangalia mbele yake, akasonya. Alisonya kwenye kipaza sauti, kijiji kizima kikasikia.

"Hiki nini?"

"Daraja, mzee," akasema Ngwandu.

Ngwandu alikuwa fundi seremala. Daraja lile alilijua ubao kwa ubao, maana ndiye aliyezipasua mbao zake na kuzipigilia, yeye na wanakijiji wenzake, misimu minne ya kiangazi, na serikali haikuwapa hata msumari. Kabla ya hapo Ngoloma ilikuwa inachukua watu kila masika.

"Linaonekana," akasema Bwana Mkorongo. "Libomolewe. Filamu ikiisha mtalirudisha. Ni wiki tatu tu."

"Na mgonjwa akitokea je?"

"Katika filamu hii hakuna mgonjwa." Akafungua makaratasi yake amwoneshe. Na kweli, hakuwemo.

Msidhani Ngwandu aliuliza kwa kupenda ubishi. Mkewe, Sikitu, alikuwa na mimba ya miezi minane na nusu. Walikwisha kuzika watoto wawili ambao hawakupata hata kulia. Safari hii nesi, siku moja kabla ya likizo yake, alimpapasa Sikitu tumbo, kisha akamvuta Ngwandu pembeni akamwambia bila kuzunguka: mtoto amelala kingamo, kichwa hakiko chini, huyu hazaliwi hapa, atatolewa kwa kisu kule hospitali ya Mtambani. Uchungu ukianza ni kukimbia. Mkikaa kusubiri, utawazika wote wawili.

Basi Ngwandu akang'oa mbao zake kwa mikono yake, askari wamesimama nyuma yake. Kila msumari uliotoka ulimchoma roho.

Kikabaki chombo kimoja tu cha kuvukia, chelezo cha magogo kilichoundwa na Wizara kwa ajili ya filamu. Kililindwa na askari wawili. Hakikuvuka ila kwa amri ya Bwana Mkorongo, na Bwana Mkorongo hakutoa amri ila jua likiwa limekaa anavyotaka yeye.

*

Uchungu ulimshika Sikitu asubuhi, siku ya sita ya kupiga picha, akiwa anatwanga mtama kwenye kinu. Kinu chenyewe hakuwa amekigusa tangu kijiji kipate mashine ya kusaga. Wizara ndiyo iliyompanga atwange, kwa sababu ilipenda tumbo lake linavyoonekana likipigwa na jua la asubuhi.

Bi Kalunde, mkunga wa Kilindu, alikuja mbio. Alikuwa amezalisha nusu ya kijiji na hakuwa na kawaida ya kuogopa. Akaweka kiganja tumboni, akapapasa, akakiondoa.

"Huyu mimi simwezi," akasema. "Leteni machela. Upesi, jamani, upesi!"

Hapa inabidi niseme kidogo juu ya machela ya Kilindu, maana bila hivyo hamtaelewa yaliyompata Mheshimiwa. Machela ni kitanda cha kamba kilichofungwa kwenye miti miwili, kinabebwa na watu wanne. Mila yake ina mambo mawili. La kwanza, yeyote anayekutana na machela njiani anaweka bega. Hakuna mkubwa, hakuna mgeni, hakuna tuligombana jana. Anampokea mmoja wa wabebaji, yule aliyepokewa anakwenda zake, na yeye sasa habanduki mpaka naye akutane na wa kumpokea. La pili, machela yenye mtu hai hairudi nyuma, hata hatua moja. Inayogeuzwa ni ya maiti tu, anarudishwa kwao akazikwe.

Wakafika mtoni wanahema. Ngwandu alikuwa kwenye mti wa mbele, Bi Kalunde ubavuni ameshika mkono wa Sikitu. Bwana Mkorongo alipowaona alishika kichwa.

"Lahaula! Uzuri ulioje huu! Mbona hamkuniambia mna kitu kama hiki? Kamera! Kamera huku! Kamba, jasho, miguu mitupu! Mama, hebu uugue tena, lakini uso uje upande huu."

"Mzee, tunaomba chelezo," akasema Ngwandu. "Mke wangu anakufa."

"Mtavuka, mtavuka. Ila wingu lilipita hapa katikati. Rudini mpaka kwenye kichuguu kile, mje upya. Na wimbo wenu uwe na furaha kidogo."

Wabebaji wakatazamana. Hakuna aliyesogea.

"Haturudi," akasema Ngwandu.

"Umesemaje?"

"Machela hairudi na mtu hai, bwana," Bi Kalunde akaingilia. "Ukiigeuza, umeshamwua."

Bwana Mkorongo alifurahi mno. Akamgeukia karani wake. "Umesikia? Andika hiyo, mila nzuri sana hiyo. Andika yote." Kisha akawageukia wabebaji. "Haya, rudini."

"Haturudi!"

"Basi na chelezo hakivuki." Akavuta kiti chake cha turubai, akakaa, akakunja nne.

Wakabaki hapo. Jua likapanda. Miti ya machela iliwakata mabega, lakini hakuna aliyethubutu kuitua, maana ardhi ilikuwa inachemka. Chupa ya Sikitu ikapasuka, maji yakapita kwenye kamba yakadondoka mchangani. Ngwandu aliangalia mto, akapima kama anaweza kuogelea naye mgongoni, akajua hawezi. Akawaangalia askari, akaziangalia bunduki zao. Hasira ilimpanda mpaka meno yakauma, na hofu nayo iko palepale chini ya hasira.

"Ngwandu," Sikitu akaita, sauti imekauka. "Usinirudishe."

"Sikurudishi."

"Niapie."

"Wallahi sikurudishi. Tulia mama, tulia."

*

Ndipo helikopta ikatokea juu ya kilima, ikateremka na vumbi lake, na Waziri wa Mandhari, Mheshimiwa Dakta Yoramu Pambalume, akashuka na suti ya kijivu. Alikuja kupigiwa picha akishiriki mila.

Mheshimiwa Pambalume alikuwa mtu mnene, mpole, na mwoga wa kitu kimoja tu: kamera. Tazameni ina sheria inayoitwa Sheria ya Picha Nzima. Kila picha inayopigwa na Wizara lazima ifike kwa Mkuu wa Nchi bila kukatwa, naye huiangalia mwenyewe tangu mwanzo hadi mwisho, kwa mapenzi yake kwa taifa. Waziri aliyemtangulia Pambalume alipigwa picha siku ya kupanda miti. Akalima majembe mawili, akadhani imetosha, akamkabidhi mlinzi jembe. Mpaka magharibi alikuwa waziri wa zamani. Tangu hapo Pambalume alijiwekea utaratibu: mbele ya kamera hutabasamu, na akianza jambo haliachi.

Ngwandu hakuwa na habari na hayo. Yeye aliona helikopta. Akapaza sauti kutoka chini ya mti wa machela:

"Mheshimiwa, naomba unisaidie! Kwa ndege hiyo Mtambani ni dakika tano tu!"

Waziri akamtazama Bwana Mkorongo. Bwana Mkorongo akamnong'oneza kwamba Nchi Isiyoguswa haina helikopta, na papo hapo rubani akaamriwa aende akajifiche nyuma ya kilima. Ikaruka tupu. Ngwandu aliisindikiza kwa macho mpaka ikapotea.

"Ndugu mwananchi," Mheshimiwa akasema, "serikali imeguswa sana na hali yako. Nasi hatutalala." Halafu akamgeukia Bwana Mkorongo kwa sauti ya chini. "Mimi nafanya nini hapa?"

"Unaweka bega, Mheshimiwa. Hatua tano tu, halafu unampa mwingine. Itapendeza sana."

Bi Kalunde alisikia hatua tano. Aliwatupia jicho watu wa Kilindu waliokuwa wamejaa ukingoni, kisha akamtupia Ngwandu. Kamera ikawashwa. Mpiga picha, mtu mkimya aliyevaa kofia ya majani, akainua kidole.

"Karibu bega, baba," Bi Kalunde akasema, kwa heshima zote.

Mbebaji mmoja akachomoka, Mheshimiwa akaingia. Mti ukamkalia begani, macho yakamtoka, akatabasamu. Na kwa kuwa sasa machela ilikuwa na bega la Waziri, habari ya mawingu hakuna aliyeikumbuka. Askari wenyewe walikimbilia kamba, chelezo kikavutwa ng'ambo mara moja.

Hatua tano zilikuwa zimekwisha zamani. Walipokanyaga nchi kavu, Mheshimiwa alianza kutafuta wa kumpokea. Hapo Bi Kalunde akanyoosha shingo akaimba. Wimbo wa machela kwa kawaida huwaita watu watoke wapokee. Siku hiyo aliuimba hivi:

"Walio ndani wabaki ndani,
bega tunalo, limetoka mbali,
msitupokee, msitupokee!"

Sauti yake ilikuwa inafika mbali. Milango ikafungwa moja baada ya nyingine, mbele kwa mbele, njia nzima. Mwuza vitumbua aliacha karai lake motoni akajitosa uani. Mtu mmoja aliyekuwa anakuja na baiskeli aliitupa akaingia kwenye shamba la mahindi, na mahindi yakatulia. Barabara ya Mtambani, ambayo haijawahi kukosa watu tangu ichongwe, ikawa nyeupe.

"Mkorongo," Mheshimiwa akasema bila kufumbua meno, tabasamu limekaa palepale. "Njoo unipokee."

Bwana Mkorongo, nyuma ya kamera, alitikisa kichwa kwa huzuni. Alikuwa amevaa viatu na ameshika kipaza sauti. Askari nao walikuwa na buti. Ukimtoa Waziri mwenyewe, hakuna mwenye viatu aliyeruhusiwa kuonekana katika Nchi Isiyoguswa.

"Ni mbali?" Waziri akamwuliza Ngwandu.

"Hapo tu, Mheshimiwa. Kilima kimoja."

Vilikuwa vitatu.

Ngwandu hakucheka. Wengine baadaye walicheka sana, Kilindu mpaka leo wanaicheka safari ile, lakini yeye siku ile masikio yake yalikuwa nyuma, kitandani. Alikuwa amepatana na Sikitu: yeye akiita, Sikitu agonge mti kwa pete yake mara moja, ajue yuko hai. Aliita kwenye mteremko, akagonga. Aliita kwenye mfereji, akagonga. Kwenye kilima cha pili aliita mara mbili ndipo akasikia mti umegongwa kidogo. Bi Kalunde aliinua khanga akaangalia, akaishusha haraka, na Ngwandu akaona vidole vyake vina damu.

"Kazeni mwendo!" Bi Kalunde akalia. "Baba Mheshimiwa, kaza mwendo, nakuomba!"

Na Mheshimiwa, kamera ikiwa usawa wa pua yake, akakaza. Sitaki kumnyima haki yake. Suti ilipasuka mgongoni, kiatu kimoja kilibaki kwenye tope, alikuwa analia machozi kabisa, lakini alikaza. Kwenye kilima cha tatu Ngwandu aliita, kimya. Akaita tena, kimya.

"Sikitu!"

Kimya.

"Sikitu, mama, gonga!"

Mti ukagongwa, mara moja, kwa unyonge.

*

Kwenye geti la hospitali kamera ilizimika. Betri iliisha. Betri ya akiba ilitakiwa ibebwe na Bwana Mkorongo, na Bwana Mkorongo aliisahau kwenye kiti chake cha turubai. Mpiga picha akamwonesha taa iliyozimika. Bwana Mkorongo akainua kipaza sauti:

"Imekamilika! Safi sana, Mheshimiwa! Tumemaliza!"

Mheshimiwa aliuachia mti pale pale aliposikia neno "tumemaliza". Machela ikalala upande, Sikitu akateleza, na kama si Ngwandu kuikinga kwa goti angeanguka chini. Waziri akakaa kwenye vumbi akishika bega.

Mlango wa hospitali ukafunguliwa, akatoka daktari mbio, na manesi wawili, na kitanda cha magurudumu. Ngwandu alimshukuru Mungu kwa sauti. Wakaja mbio, wakampita yeye, wakampita Sikitu, wakamwinua Mheshimiwa.

"Jamani!" Bi Kalunde akapiga ukelele. "Mgonjwa ni huyu! Ana damu huyu, hamwoni?"

"Subirini kidogo, bibi," nesi akamwambia akikimbia. "Tuna mgonjwa wa kitaifa."

Hospitali ya Mtambani ilikuwa na daktari mmoja na meza moja ya upasuaji. Juu ya meza hiyo akalazwa Mheshimiwa, akapimwa moyo, akapimwa pumzi, bega likawekewa barafu. Sikitu alilazwa sakafuni kwenye korido. Alikuwa hafumbui macho tena. Ngwandu aligonga mlango, akafukuzwa. Akapiga magoti, akaambiwa asizibe njia.

Akainuka, hajui aende wapi. Kwenye benchi aliketi mpiga picha, amevua kofia, na kamera iko pembeni yake. Ngwandu aliitazama ile kamera. Kisha akainyakua, akaiweka begani kama alivyoona inavyowekwa, akausukuma mlango kwa mguu, akaingia nayo.

Mheshimiwa alikuwa amefumba macho. Akafumbua moja, akaliona lile jicho la kioo limemwelekea. Tabasamu likaja lenyewe. Akaketi, barafu ikaanguka.

"Daktari!" akanguruma. "Unafanya nini na mimi, na mama mjamzito yuko mlangoni? Hii ni serikali inayomjali mama! Mlete hapa! Sasa hivi!"

Daktari akageuka, akaona kamera, na yeye akawa mtu mwingine. Bwana Mkorongo alisimama mlangoni, uso umemsawijika. Alijua kamera ile haioni kitu. Alitakiwa aseme neno moja tu. Lakini akilisema ataulizwa imezimika lini, na kwa nini, na betri ya akiba ilikuwa kwa nani. Akafunga mdomo wake, akaushusha na ule mkono wenye kipaza sauti.

Sikitu akaingizwa. Pazia likavutwa. Ngwandu akabaki nje ya pazia na kamera begani, ameielekeza kwa Mheshimiwa, na Mheshimiwa akabaki amesimama mbele ya pazia, mkono kifuani.

"Umeme haupo," sauti ikatoka ndani.

Ngwandu akasogea hatua moja karibu na uso wa Waziri.

"Jenereta iwashwe!" Waziri akasema. Ikawashwa. Ilikuwa haijawashwa mwaka mzima kwa kukosa mafuta.

"Nyuzi za kushonea zimekwisha."

Ngwandu akasogea.

"Nyuzi zitafutwe!" Zikapatikana, kwenye kabati lililokuwa na kufuli.

Bega la Ngwandu lilikuwa bichi tangu asubuhi, jasho lilimwingia machoni na hakuwa na mkono wa kulifuta. Hakujua kitu kile kinaona au hakioni. Alijua tu kwamba kikiwa juu watu wanafanya kazi. Mpiga picha akainuka pale kwenye benchi, akaja taratibu, akamwinua kiwiko.

"Ishike hapa chini, kaka," akamnong'oneza. "Usiitikise." Akarudi kukaa.

Muda ukapita, sijui kiasi gani. Mheshimiwa alitabasamu muda wote. Halafu nyuma ya pazia kitu kikakoroma, kikakohoa, kikapasua kilio, kilio kibaya cha hasira ambacho Ngwandu hakuwahi kukisikia nyumbani kwake. Akajiegemeza ukutani, lakini kamera hakuishusha.

Bi Kalunde akatoka, mikono imelowa, anacheka na kulia.

"Msichana. Ana makelele huyo, we! Na mama yake anapumua, ameniuliza uko wapi. Amepoteza damu nyingi, lakini anapumua. Shusha hilo lidude, baba mtoto, ingia ukawaone."

Machozi yalikuwa yanamtiririka Ngwandu, yanapita kwenye kamera, yanadondoka.

"Damu ya kumwongezea imeshaletwa?"

"Daktari anasema ataagiza."

"Basi bado," akasema Ngwandu. Akafuta jicho moja kwa bega lililo huru, akaielekeza kamera vizuri zaidi usoni kwa Mheshimiwa. Mheshimiwa akaweka tai yake sawa, akatabasamu, na akauliza kwa sauti ya kusikika mpaka getini damu ya yule mama iko wapi.